Bwana yangu alimshika kiuno mama mdogo wangu akidhani ni mimi

*«Daktari, tuko mwaka wa kumi na moja na bwana yangu, tunakaa Katuba, Lubumbashi, tuna watoto watatu. Yeye ni fundi wa magari. Juzi mdogo wangu aliolewa, na sisi wanawake wote wa familia tulishona kikwembe kimoja na kuvaa perike (nywele za bandia) za aina moja. Saa ya kucheza, bwana yangu alimfuata mama mdogo wangu kwa nyuma, akamshika kiuno, akamwambia sikioni: "Bibi yangu, tutoroke, twende tukalale." Mama mdogo ni mukwe wake! Alipiga kelele mpaka muziki ukazimwa. Bwana yangu akageuka, akanikuta nimesimama pale karibu, akaniuliza mimi: "Mama, hujamuona bibi yangu?" Sasa familia inadai mbuzi. Shangazi anasema amerogwa. Kaka zangu wanasema ni tamaa. Yeye anaapa alidhani ni mimi.*

*Si mara ya kwanza. Nikisuka nywele upya, ananipita barabarani. Siku moja tulipanda teksi-basi moja mpaka mjini, hakunisalimu. Wateja wake wanasema ana maringo, kwani wakija kwa miguu bila gari hawasalimii. Tukitazama filamu anauliza kila mara huyu ni nani. Nilimpeleka kwa watu wa miwani, wakasema macho ni mazima. Hata mtoto wetu wa pili, wa miaka minane, ameanza kumwiga: sokoni alimfuata mama mwingine mwenye kikwembe kama changu mpaka kwenye meza za samaki. Je, mwanaume anayempenda bibi yake anaweza kusahau sura yake? Au kuna mwanamke mwingine kichwani mwake?»*

Mama, nianze na kile unachokiogopa, maana mbuzi anaweza kungoja. Unaogopa kwamba mwanaume asiyeitambua sura ya bibi yake hampendi, au moyo wake umehamia kwingine. Katika yote uliyoandika sioni dalili ya mwanamke mwingine. Naona dalili, tena nyingi, za mtu ambaye ubongo wake haushiki sura za watu, na huenda alizaliwa hivyo. Siwezi kumpima mtu kwa barua, na sitajifanya naweza. Lakini ushahidi umeuleta wewe mwenyewe, ukidhani unaleta mashtaka.

Kilichonisimamisha ni habari ya wateja. Kama bwana yako angekuwa anakukwepa wewe tu, ningekuwa na maswali mengine kabisa. Lakini anawapita hata watu wanaomlipa. Yule aliyekuja jana na Hiace nyeupe ni rafiki. Leo amekuja kwa miguu, ni mgeni. Gari analijua, mwenye gari hamjui. Hakuna fundi wa Lubumbashi anayeringia pesa kwa kupenda. Ongeza filamu: anapotea mara tu mchezaji anapobadilisha shati. Ongeza nywele zako. Yote ni kitu kimoja kinachojirudia. Na kuhusu kaka zako, niwaulize kwa heshima: mwizi wa mapenzi gani anamchagua mama mdogo wa bibi yake, katikati ya ukumbi, taa zinawaka, shemeji zake wote wamekaa meza ya mbele?

Hali hii wataalamu wanaiita prosopagnozia. Jina hilo lilitolewa mwaka 1947 na daktari Mjerumani, Joachim Bodamer, baada ya kuchunguza askari waliojeruhiwa kichwani vitani. Mmoja wao hakutambua tena jamaa zake, wala sura yake mwenyewe kwenye kioo, ingawa aliona vizuri na alijua kabisa kwamba kioo ni kioo. Kwa muda mrefu madaktari walidhani tatizo hili huja na jeraha la ubongo tu. Baadaye ikaonekana kwamba wapo watu wengi zaidi ambao hawakuumia popote: wamekua nalo tangu utoto, wanasoma, wanafanya kazi, wanaoa, na wengi hawajui kwamba wana tofauti yoyote, kwa sababu hawajawahi kuona kwa macho ya mtu mwingine. Mwaka 2006 watafiti wa Münster, Ujerumani, waliwachunguza wanafunzi 689 wakawakuta 17 wenye hali hii. Hiyo ni hesabu ya Wajerumani, si yetu, lakini ikikaribia hata kidogo ukweli wa hapa, basi katika ukumbi wa harusi wenye watu mia tatu bwana yako hakuwa peke yake. Wengine walikaa kimya tu, hawakumshika mtu kiuno.

Watu wa miwani walisema kweli. Macho yake yanapeleka picha safi. Anaona pua yako, anaona midomo, anaona alama ndogo kwenye shavu kama unayo. Ukimuuliza kama huyu amekasirika au anacheka, ni mzee au kijana, mara nyingi atajibu sawasawa. Kinachokwama kiko nyuma zaidi. Upande wa chini wa ubongo, kuelekea nyuma, kuna sehemu ambayo mtafiti Nancy Kanwisher na wenzake waliieleza mwaka 1997 kwa kutumia mashine ya kupiga picha za ubongo: inachangamka zaidi mtu akiona sura kuliko akiona vitu vingine. Iko pande zote mbili, ila ya kulia ndiyo inayobeba mzigo mkubwa. Haifanyi kazi peke yake, lakini mtandao huo ukiwa dhaifu, sura inaonekana, lakini haimwambii ni ya nani.

Wewe ukimwona mama yako hujumlishi pua na macho na kidevu. Unamwona mzima, mara moja, jina linakuja lenyewe. Bwana yako anajua hali hiyo kwa masikio: akisikia injini ikikohoa nje ya karakana, hahesabu sauti moja moja, anajua papo hapo ni gari la nani na lina shida gani. Kwenye sura za watu, huo uzima wa papo hapo haumjii. Anabaki na vipande.

Ukitaka kuonja anachoonja, chukua simu yako, funga ile sehemu inayogeuza picha, ufungue picha ya harusi ile na uitazame juu chini. Jaribu kuwataja wale mama waliosimama mstari mmoja. Utasitasita hata kwa watu uliokula nao bukari tangu utoto. Mwaka 1969 mtafiti Robert Yin alionyesha kwamba kugeuza picha juu chini kunaharibu utambuzi wa sura kuliko wa vitu vingine, nyumba kwa mfano. Na mwaka 1980 Peter Thompson wa Uingereza alichukua picha ya Margaret Thatcher, waziri mkuu wa nchi hiyo wakati ule, akakata macho na mdomo, akavibandika vikiwa vimepinduliwa. Picha nzima ikiwa juu chini, watu waliona mama wa kawaida anayetabasamu. Ikisimamishwa, walishtuka: lilikuwa zimwi. Yaani sisi sote, sura ikipinduliwa, tunabaki na vipande bila kujua kwamba vipande vimekosewa. Bwana yako anaishi karibu na hapo hata sura ikiwa imesimama vizuri.

Sasa utaniuliza: ameishije nami miaka kumi na moja? Kwa akili nyingi, Mama. Anakujua kwa sauti, kwa mwendo, kwa namna unavyofunga kitambaa, kwa kicheko, kwa mahali. Jikoni kwenu hakosei kwa sababu mwanamke aliye jikoni kwenu ni wewe. Kwenye teksi-basi mahali hapakumsaidia, hukusema neno, ukawa abiria. Na harusi ile, kama mtu angetaka kutunga mtihani wa kumwangusha, asingepata bora zaidi. Familia yako ilimnyang'anya kila alichokuwa anashikilia. Kikwembe kimoja. Nywele moja. Muziki umemeza sauti. Na mama mdogo, ambaye ni damu yako, ana umbo lako na huenda hata mwendo wako, akiwa amempa mgongo. Alichagua vibaya, ndiyo, lakini alichagua kwa vipimo ambavyo siku zote vilimpa wewe.

Halafu lile swali lake, «hujamuona bibi yangu?» Najua ndilo lililokuchoma kuliko kiuno cha mama mdogo. (Naomba radhi, nilipofika hapo nilicheka. Siku moja utacheka pia, ila sikuharakishi.) Lakini lisome tena. Ukumbi mzima unapiga kelele, ameaibika mbele ya wakwe, na kitu pekee alichotaka kujua ni uko wapi.

Kuhusu mapenzi na sura, kuna jambo ambalo huwa nawaeleza wanandoa. Katika miaka ya 1980, watafiti Russell Bauer, kisha Daniel Tranel na Antonio Damasio, waliwapima watu waliopoteza utambuzi wa sura baada ya kuumia ubongo. Waliwaonyesha picha za jamaa zao na za wageni huku wakipima jasho dogo la ngozi ya mkono, lile linalobadilika mtu akiguswa na kitu. Kwa mdomo walisema hawamjui yeyote. Ngozi ilikataa: ilijibu tofauti kwa watu wao. Wale walikuwa wagonjwa wa jeraha, si wa kuzaliwa, na si kila mmoja ana jibu hilo. Kwa hiyo usilibebe kama cheti cha bwana yako. Linaonyesha tu kwamba kutambua sura na kuguswa na mtu ni njia mbili katika ubongo, na moja inaweza kuziba bila nyingine.

Upo pia ugonjwa unaoenda kinyume, na ni lazima nikutajie kwa sababu huo si wa kucheka. Mwaka 1923 Joseph Capgras, daktari wa akili Mfaransa, na mwenzake Jean Reboul-Lachaux walieleza habari za mwanamke aliyeshikilia kwamba mume wake na watoto wake wamebadilishwa, na waliopo ni watu wengine wanaofanana nao. Mwenye hali hiyo sura anaijua. Anachokataa ni kwamba ni wewe. Atasema, «Unafanana na bibi yangu lakini si wewe, umemweka wapi?» Hata ukiongea, hata ukimkumbusha siku ya ndoa, atabaki palepale, na wengine hufikia kumpiga yule wanayemwona mdanganyifu. Bwana yako ukimsemesha tu anakujua, sivyo? Hiyo ndiyo tofauti. Siku yoyote akianza kusema wewe ni mwingine uliyejigeuza, usibishane naye wala usilale naye chumba kimoja peke yenu; ita ndugu, mpelekeni kwa daktari.

Vilevile uliza jambo moja muhimu kuliko yote: lilianza lini? Muulize mama yake mzazi kama alipokuwa mdogo alipotea kwa kufuata watu wengine, kama shuleni aliwachanganya wenzake. Ikiwa ni tangu utoto, hakuna haraka. Lakini ikiwa zamani alitambua watu vizuri na hali imeanza baada ya ajali ya pikipiki, kugongwa kichwa, homa kali au degedege, au inazidi mwezi hadi mwezi pamoja na kusahau mambo mengine, apimwe na daktari wa mishipa ya fahamu. Na ikitokea ghafla, siku moja, hasa pamoja na mdomo kwenda upande, mkono kulegea au maneno kukwama, hiyo ni hospitali saa hiyohiyo, usiku au mchana, kwa sababu inaweza kuwa kiharusi. Hapa Lubumbashi mnaweza kuanzia Cliniques Universitaires au hospitali ya Jason Sendwe, na kituo cha Docteur Joseph Guislain kinashughulika na magonjwa ya akili na ya neva.

Kipimo kipo, ila nikuonye. Kuna mtihani wa kompyuta unaotumika sana, uliotungwa na Brad Duchaine na Ken Nakayama mwaka 2006, na matoleo yake yanapatikana kwenye intaneti. Sura zake ni za wanaume Wazungu. Sisi sote hutambua vizuri zaidi sura za aina tuliyokulia kati yake, kwa hiyo mtu wa Katuba mwenye ubongo mzima kabisa anaweza kupata alama mbaya pale. Akifeli mtihani ule peke yake, usiamini. Mazungumzo marefu na mtaalamu, pamoja na picha za familia yenu zilizofunikwa nywele na nguo, yatasema zaidi.

Dawa hakuna, na atakayekuuzia amekudanganya. Mazoezi ya kutambua sura yamejaribiwa na watafiti. Baadhi ya watu hupata nafuu kidogo, hawaponi. Kinachosaidia ni kupanga maisha. Wewe uwe wa kwanza kusema, «Ni mimi», barabarani au sokoni, bila kungoja kuona kama leo atakujua. Najua utatamani kumjaribu. Usimjaribu, atashindwa, na wewe utaumia kwa kitu ambacho hakipimi chochote. Vaa kitu kimoja kisichobadilika, bangili au kitambaa cha rangi yako, hata ukisuka upya. Ukibadilisha nywele, aone kabla hujatoka nyumbani. Na harusi ijayo shoneni kikwembe kimoja, sawa, lakini mwambie fundi cherehani wako aweke mikono ya namna yake pekee, kisha umwonyeshe bwana yako asubuhi.

Jambo gumu ni kama mtawaambia watu. Akisema, wateja watajua si maringo, na anaweza kuwaomba wajitaje: «Mimi ni yule wa Corolla.» Akisema, pia atachekwa, na wapo watakaomjaribu kwa kumjia wakijifanya watu wengine. Naelekea upande wa kusema, angalau kwa familia na karakana, kwa sababu kimya tayari kimemgharimu jina. Oliver Sacks, daktari maarufu wa neva, alikuwa na hali hii na aliisema wazi. Alisimulia alivyokuwa akimwomba radhi mzee mwenye ndevu aliyekaribia kugongana naye, kumbe ni yeye mwenyewe kwenye kioo. Jane Goodall, aliyechunguza sokwe kule Gombe, ng'ambo ya pili ya Tanganyika, naye alieleza kwamba sura za watu zilimhangaisha maisha yake yote. Lakini asisemewe. Aseme mwenyewe, akiwa tayari.

Nikiri kwamba naandika haya kwa wasiwasi kidogo, maana wako wanaume watakaougua ugonjwa huu wiki hii. Prosopagnozia haielezi simu inayofichwa chini ya godoro, wala usiku usiorudi nyumbani, wala pesa zinazopotea. Inaeleza kumkosea mtu kwa macho, basi. Na anayemkosea mtu kwa macho hujirekebisha mara anaposikia sauti. Mama mdogo alipopiga kelele, bwana yako alimwachia papo hapo.

Turudi kwa mbuzi. Mimi ningelipa. Mkwe ameguswa mbele ya watu, na heshima iliyovunjika hadharani hairudi kwa maelezo ya ubongo. Ila mbuzi atolewe kwa jina lake: kuomba radhi kwa kumgusa mkwe kwa bahati mbaya, si kukiri tamaa. Tafuteni mzee mmoja anayesikilizwa pande zote mbili, mumweleze haya kabla ya kikao, na yeye ndiye aseme maneno. Bwana yako akisimama kujitetea mwenyewe kwa jina la Kigiriki kama prosopagnozia mbele ya kaka zako, mtaongezewa mbuzi wa pili.

Mwisho, mtoto wa miaka minane. Umeandika kwamba anamwiga baba yake. Simuoni kama anaiga. Hali hii hutembea katika familia, na mtoto anayefuata kikwembe sokoni badala ya mama anafanya kile baba yake alichofanya ukumbini, bila mbuzi. Usimchape. Mwangalie kama anawachanganya watoto wa jirani wakivaa yunifomu, kama hachezi na wenzake mpaka waanze wao. Mwambie mwalimu amkalishe mbele na awaite wanafunzi wenzake kwa majina. Sokoni msishikane kwa macho tu: mpe mkono, na mfundishe wimbo au neno ambalo mkipotezana utaliita kwa sauti, kwani sauti yako anaijua. Na yale maneno ya shangazi kuhusu kurogwa, yazimeni nyumbani mapema, kabla hayajahama kutoka kwa baba kwenda kwa mtoto. Katika mji huu tumeona watoto wakifukuzwa nyumbani kwa kusingiziwa uchawi kwa sababu ndogo kuliko hii. Shangazi mweleze wewe mwenyewe, kwa upole, ukianza na lile zoezi la picha juu chini. Mwanzie na picha yake mwenyewe.